Mama Mkwe Mbele ya Kamati

Igogo, Alhamisi jioni

Mvua imenyesha tangu alfajiri, hata ziwa halionekani kutoka hapa mlangoni. Nimechoka sana, ila moyo umetulia. Acha niandike kabla wali haujaiva.

Leo rufaa ya mume wangu imesikilizwa.

Baba Kabula ni bwana afya wa serikali. Vijana aliowafundisha kushika pampu ya dawa ya mbu wameshapandishwa daraja, yeye kabaki pale pale na mshahara ule ule. Kosa lake ni hili: walipopiga dawa kijijini kwetu, upande wa Magu, aliingia kila nyumba isipokuwa moja. Kwenye hiyo moja alimkabidhi kaka yangu pampu, mtu ambaye si mtumishi, amsaidie. Mkubwa wake akaandika kwamba amepuuza kazi na ni mkaidi. Daraja likasimamishwa.

Nyumba yenyewe ni ya mama yangu.

Kwetu Usukumani mwanamume haingii anapolala mama mkwe wake. Hampi mkono, hali naye chakula, na wakikutana njiani mmoja hupisha. Hata watoto wanalijua hilo. Mkubwa wake katoka mbali, hakulijua, na mume wangu alipoulizwa sababu akanyamaza. Nilimsihi aseme. Akanijibu, "Nisimame mbele ya wanaume nianze kutaja kitanda cha mama yako?"

Mume wangu ni mpole mpaka anakera. Jioni anavua viatu, anakaa, anasikiliza redio kana kwamba hakuna kitu, na huku mchana kutwa anapokea amri kwa kijana aliyemfundisha mwenyewe. Iliniuma mno. Nilikuwa naogopa atastaafu hivyo hivyo, na jina la mkaidi juu.

Katibu wa chama cha wafanyakazi ndiye aliyemshawishi akate rufaa. Mimi nikafanya langu. Nilimtuma dereva wa basi la Magu amwambie mama aje, na Baba Kabula sikumwambia neno.

Mama kafika na mchele wake kichwani, kalowa, wala hakulalamika.

Alipoingia kwenye chumba cha kamati, mume wangu alinyanyuka ghafla, akaenda dirishani akatupa mgongo. Mwenyekiti, mtu wa Bukoba, akakunja uso.

"Ndugu, shauri ni lako halafu unatupa mgongo?"

Nikajua tumekwisha. Mkaidi, na sasa wamejionea wenyewe.

Katibu akasimama haraka. "Ndugu mwenyekiti, huyo mama ni mkwe wake. Hawezi kukaa wakatazamana."

Mama naye alikuwa ameshageukia ukuta, kanga imemfunika mpaka usoni. Basi wakawa hivyo, mmoja anatazama mvua, mwingine anatazama ukuta, na wanakamati katikati hawajui waangalie wapi. Mama akasema kwa Kisukuma, mjumbe mmoja wa kwetu akitafsiri. Alisema yeye hajawahi kumwona mkwe wake uso vizuri, ila sauti yake anaijua. Siku ile mkwe alisimama nje ya uzio akimpazia sauti kaka yangu: piga nyuma ya kitanda, piga juu kwenye nyasi, hapo pembeni umepasahau, rudia. Hakuondoka mpaka nyumba ilipokwisha.

"Mbu wangu walikufa kama wa wenzangu," akamalizia. "Sasa kazi gani aliyoacha?"

Mwenyekiti alicheka kidogo, kisha akaomba radhi. Yule mjumbe wa kwetu hakucheka. Alikuwa anamtazama mume wangu pale dirishani, na mume wangu alikuwa anafuta macho.

Wametutoa nje, wakaturudisha. Kukabidhi pampu kwa asiye mtumishi ni kosa, amepewa onyo la mdomo. Kupuuza kazi hakuna. Daraja lake amepewa, kuanzia siku lilipozuiwa.

Mimi nililia pale pale, sikuona haya.

Sasa tuko nyumbani. Vyumba viwili tu, na mama yumo, kwa hiyo bwana afya aliyeshinda rufaa atalala kwa jirani. Muda huu kasimama nje chini ya paa, mvua inamnyeshea bega moja. Kaniita dirishani.

"Mwambie mama nashukuru."

Mama yuko hapa hapa jikoni, kasikia kila kitu. Akangoja nigeuke nimwambie, nami nikamwambia.

"Mwambie nimesikia," akasema. Kisha akajipiga kofi mguuni. "Na mwambie nyumba yake ina mbu."

Huko nje nimemsikia akicheka, kicheko ambacho nilidhani kimeshamwisha. Amesema kesho asubuhi ataleta pampu.

Haya, na mama yumo ndani, ataishika nani?