Noti Iliyotakiwa Kushuka

Mwalimu,

Niliharibu noti yako. Naanza na hilo kwa sababu nikianza na salamu nitazunguka, na wewe hukupenda mtu wa kuzunguka. Siku ile nilipofika kwako Mlandege, Iringa, kutoka Mbeya, kinanda changu nimekifunga kwenye mfuko wa mbolea, uliniambia kitu kimoja tu: "Sekela, sema ulichofuata."

Nilifuata muziki wa tamthilia. Nilitaka kumwona huyo mwalimu wa kwaya aliyetunga wimbo ambao ukianza tu kwenye televisheni, mama yangu aliacha mboga iungue. Nilidhani nitakuta studio. Nikakuta kabati la vitabu vya nyimbo, na wewe umevaa sweta, unaandika do re mi kwa penseli kwenye daftari la shule. Miaka saba nimenakili kazi zako. Wewe uliandika kwa herufi, mimi nikazihamishia kwenye mistari mitano ili wapiga violini waweze kusoma. Kila nilipomaliza uliniuliza swali lile lile: "Umeisikia mwenyewe, au umeisoma tu?" Nikakujibu nimeisikia. Mara nyingi nilikuwa nimeisoma tu.

Unakumbuka kule machimboni Makongolosi? Mwongozaji wa ile filamu ya wachimbaji alitaka utunge ukiwa umekaa nyumbani, kama ulivyozoea kwenye tamthilia. Ukakataa. Tukaenda, vumbi mpaka kwenye meno, ukashinda kutwa nzima karibu na karasha linalosaga mawe ya dhahabu, umeshika simu unarekodi. Watu wakadhani umetumwa na serikali. Mchimbaji mmoja akauliza, "Sasa mzee, hapa unatafuta nini kama sio dhahabu?" Ukamwambia unatafuta ngoma. Walicheka sana. Lakini ngoma zote za filamu ile zilitoka kwenye lile karasha, na mimi nilitembea nyuma yako nimebeba begi, najiona mtu.

Halafu ukaja wimbo wa mama, pale shimo linapomfukia mwanawe. Hapo hukutaka ngoma wala kinanda, ulitaka okestra, violini na selo peke yake. Uliuandika ukiwa tayari mgonjwa, mkono unatetemeka. Kwenye mstari wa nne wa wimbo uliandika "ta", ile ti iliyoshushwa. Mimi nikaona "t" na uchafu wa penseli pembeni yake. Noti iliyofuata ilikuwa imefutika nusu. Kanuni nilikuwa naijua: ti hupanda kwenda do. Nikaandika ti, nikaandika do. Ulikuwa umelala na sikutaka kukuamsha. Huo ndio udhuru wangu, sina mwingine.

Siku ya kurekodi, Mbeya, ulikaa na koti na blanketi juu yake. Tulipofika mstari wa nne ukainua kichwa, ukanitazama. Nikadhani umefurahi. Tulipomaliza nikasubiri swali lako, ukasema tu, "Haya, binti."

Hukuuliza, Mwalimu. Kwa nini siku ile hukuuliza?

Kwenye msiba wako, dada yako aliketi mkekani akaimba, sauti imemkauka. Aliimba Kihehe, na mimi Mnyakyusa sikuambulia neno. Lakini wimbo niliujua. Ulikuwa ule ule wa filamu, kumbe ulitoka kwenu. Alipofika pale, sauti ikashuka. Akarudia, ikashuka tena. Nikamwuliza, shangazi, kwani hapo haupandi? Akanitazama kama nimetukana mtu.

"Upande uende wapi, mwanangu? Huyu haludi."

Nikaenda kukaa nyuma ya nyumba, penye kuni, nikalia. Waliopita walinipa pole, wakidhani nakulilia wewe.

Filamu imependwa. Mwongozaji anasema kila mahali, "Pale inapopanda ndipo watu wanalia," na kwa ajili ya pale pale amenipa tamthilia mpya niitungie muziki. Wananiita mrithi wako. Miezi mitano nimeitikia jina hilo na kunyamaza. Siku nyingine najidanganya kwamba uliipenda. Siku nyingine nasema ulikuwa umechoka tu. Inayonikaba ni ile ninapofikiri kwamba ulinisitiri mbele za watu, ukaacha wimbo wa kwenu uharibike ili mimi nisiaibike. Nakuonea hasira, Mwalimu, na hasira kwa marehemu haina pa kwenda.

Jumapili kuna ibada ya kukukumbuka, Iringa. Okestra itapiga wimbo huo, mimi nikiongoza, na dada yako atakaa mbele. Nilimpigia mwongozaji nikamweleza yote. Akasema, "Sekela, watu wameshaizoea hiyo, usinitibulie." Sijui kama tamthilia bado ni yangu.

Jana mazoezini nikawaambia wachukue penseli. Mstari wa nne, wekeni fleti kuishusha ile ti, halafu mshuke. Kiongozi wa violini akafuta, akauliza, "Nani alikosea, mchapaji?" Ningeweza kuitikia kwa kichwa tu, yakaisha.

Nikasema ni mimi.

Wengine nao wakafuta. Tukapiga. Ilipofika pale ikashuka, nikaisikia mwenyewe kwa mara ya kwanza, mkono ukanishinda kuuinua. Wakaendelea bila mimi mpaka mwisho.

Nakuahidi sitaandika tena noti ambayo sijaisikia. Na mwanafunzi wangu akikosea nitamwuliza, hata nikiwa mgonjwa, hata mbele za watu. Mengi nitayarithi kwako, lakini kunyamaza kule nimekuachia.

Pumzika, Mwalimu. Jumapili tukifika mstari wa nne, tutakushusha taratibu.

Sekela