Simu Isiyopiga Kengele

Jumatatu, 3 Machi 2025

Mume wangu Didas kanipata tena! Nilitoka kwake Kimara na begi moja, mwanangu Hope nimemshika mkono, taya limevimba kwa kipigo chake. Nikajificha kwa dada Sekela — huyo mlangoni. Nimepanga chumba huku Vingunguti, sijamwambia mtu — leo kasimama kwenye kona, ananitazama tu, anatabasamu. Hope kajikojolea. Kajuaje? Mchawi huyu au nini!

Alhamisi, 6 Machi

Si uchawi. Simu! Munira, fundi simu wa hapa mtaani, kanionyesha. Didas ndiye alininunulia, akaweka akaunti yake. Humo ndani kuna huduma zinafanya kazi chinichini hata kioo kikiwa kimezimwa, zinaripoti nilipo. Yeye kajilaza kwake, ananiona kwenye ramani.

Munira kafuta kila kitu. Kaweka mfumo mwingine, wa bure, waliouandika wameuacha wazi anayetaka aukague. Ramani ipo, ila haimwambii mtu niko wapi. Ishu moja tu: app ya kuchati haitapiga kengele, maana kengele ilikuwa inaletwa na zile huduma alizozing'oa. Meseji nitaziona nikiifungua mwenyewe. Kuna app nyingine ya bure yenye kengele yake, ila mpaka na wenzangu waiweke kwenye simu zao. Nani ataiweka? Mama Clara, msimamizi wetu wa ndoa, hata bando anaungiwa na mwanae!

Munira kasisitiza niwe nachungulia asubuhi na jioni. Nikamwitikia sawa, sawa. Nilikuwa nataka kuondoka tu.

Jumapili, 9 Machi

Tumehamia Pugu. Chumba kwa Bi Hamisa, mama wa watu, hana maswali mengi. Hope kalala bila kuniuliza kama nimefunga mlango.

Nimempigia Mama Clara. Yeye na marehemu mumewe ndio waliosimama nasi kanisani. Mke akiondoka bila msimamizi kujua, ukoo mzima unamwita mtoro. Mie si mtoro! Nimemwelekeza tunapokaa, nikamwomba Didas asijue kwa sasa. Kasema nisiwe na wasiwasi, yeye ni mama yangu.

Jumatano, 12 Machi

Nimefua nguo za watu kutwa. Mgongo hauna hali. Simu kimya, kimya kabisa. Raha iliyoje! Sijaigusa.

Jumamosi, 15 Machi

Mungu wangu.

Nimefungua app ya kuchati sasa hivi nitafute picha ya shuka la mteja. Sauti ya Mama Clara, ya Alhamisi. Kasema kaongea na Didas, naye Didas kalia mbele yake, kaomba msamaha. Atamleta Jumamosi jioni, yaani leo, atupatanishe, ndiyo kazi ya msimamizi. Kama sitaki nimwambie. Nikikaa kimya ataelewa nimeridhia.

Nikikaa kimya!

Na nyingine ya jana. Ahsante mwanangu kwa kukubali. Nimwambie Hope baba yake anamletea viatu.

Nimepiga — inaita, hapokei. Nimepiga tena. Bi Hamisa kaenda msibani. Begi liko wapi? Nguo za watu ziko kwenye kamba, bado mbichi. Mjinga mie, mjinga! Asubuhi na jioni, Munira kasema!

Gari limesimama nje.

Nimesukuma komeo. Nimekaa chini nyuma ya mlango, naandika nisije nikapiga kelele. Namsikia Didas anamsalimia mtu kwa adabu zote. Mama Clara anabisha hodi taratibu. Anasema Vaileth, fungua mwanangu, si ulikubali?

Siitiki. Labda wataona hatupo, wataondoka.

Viatu vipya vinagonga sakafu ya baraza. Hope anacheka. Nilimtuma dukani, nikasahau kuwa yuko nje. Anawaambia mama yupo ndani.