Jembe Lenye Pengo

Jumatatu, 5 Novemba 1984

Nimefukia shimo lingine asubuhi. Safari hii kwenye mihogo, karibu na zizi la mbuzi. Mvua imelainisha udongo, kwa hiyo jamaa alichimba kwa raha zake. Hakupata kitu. Hatapata kitu. Ningekuwa na dhahabu, nyumba hii isingekuwa ya nyasi na Mama asingekunywa uji usio na sukari.

Jembe ni lilelile. Makali yake yana pengo, na kila linapokata linaacha mstari ulioinuka kwenye ukuta wa shimo. Nimeshaliona begani mwa mwenyewe akienda shambani. Ni la Maganga, jirani yangu wa upande wa barabara ya Tinde.

Sitamwambia mtu. Nitamwambia nani?

Jumatano, 7 Novemba

Mama kanituma nikaangalie mbuzi. Mbuzi walikuwa wamefungwa, wote wanaonekana kutoka mlangoni. Nikaenda hivyohivyo. Najua maana yake. Nikiwa nyumbani hakuna mwanamke anayekuja kumjulia hali. Nikitoka, wanakuja.

Nilikaa kule juu kwenye mawe mpaka nikamwona Mama Limi anatoka na ungo wake. Niliporudi nikakuta michembe kwenye bakuli, na Mama anacheka peke yake. Sikuuliza walichomwambia. Niliona wivu. Mtu mzima na mvi zangu, naona wivu kwa viazi vikavu.

Ijumaa, 9 Novemba

Tinde. Dawa ya kifua cha Mama nimepata. Sabuni hakuna.

Dukani walikuwa wanabishana mpira. Nilipoingia, wote wakawa wataalamu wa mvua. Mwenye duka akaniuliza kwa wema tu, "Unaelekea wapi, Kapteni?" Nikamjibu, "Kwani kuna nini?" Nilikuwa narudi nyumbani! Ningesema hivyo ningepungukiwa nini? Kazi niliiacha, au iliniacha yenyewe, lakini ugonjwa wake umebaki. Swali najibu kwa swali.

Nimetembea peke yangu mpaka nyumbani. Wenzangu wa njia ile walikaa nyuma, wakipunguza mwendo kila nilipopunguza.

Jumapili, 11 Novemba

Mama kaongea leo. Kaniita, kajiinua kitandani mwenyewe. "Shija, nikifa nisifukiwe na mtu mmoja kama mbwa. Mimi nimezika watu hapa. Na mimi watu wanizike."

Ni kweli. Hakuna msiba hapa ambao hakupeleka kuni na unga. Huku kwetu anayezika ndiye anayezikwa.

Na mimi je? Tangu nirudi nimehudhuria kila msiba. Lakini nakaa nimeegemea ukuta, naangalia nani kaingia, nani hajafika, nani kakaa na nani. Mazoea. Wanaume wenzangu wanapokezana jembe kaburini, mimi nimesimama pembeni mikono nyuma. Hakuna aliyenipa jembe, nami sikuomba. Nilidhani kufika kunatosha. Kumbe waliona nakwenda kuwakagua.

Naogopa. Kifo chake nimeshakikubali. Ninachoogopa ni asubuhi yake.

Jumatatu, 12 Novemba

Nimekwenda kwa balozi wetu wa nyumba kumi, Mzee Ngassa. Shikamoo, marahaba, mvua, ng'ombe, mvua tena. Mwisho nikasema shida yangu. Mzee alisugua goti lake muda mrefu.

"Mwanangu, mama yako hana ugomvi na mtu. Watu wanakuogopa wewe. Wanasema ukikaa na mtu leo, kesho umeshamwandika."

Nilitaka kucheka. Kweli naandika. Lakini ni haya tu, na hakuna mkubwa wa kuyasoma.

"Halafu kuna Maganga," akasema. "Watu watamtazama yeye. Asipovuka barabara, hawatavuka."

Nimerudi nyumbani. Mzee ni mkweli, na ndiyo maana nimemkasirikia.

Jumanne, 13 Novemba

Niandike mara moja nisirudie.

Maganga alikuwa na mdogo wake, Masanja. Baada ya vita nilipelekwa machimbo ya Geita nikajifanya mchimbaji. Nilikuwa natafuta bunduki zilizopotea. Masanja hakunifahamu, alikuwa mtoto mdogo nilipoondoka hapa kwenda jeshini. Tulikula sufuria moja. Ndiye aliyenifundisha kushika tindo bila kujivunja kidole. Bunduki hakuwa nayo, na nilisema hivyo kwenye taarifa zangu. Siku ya msako watu wakakimbia ovyo. Masanja akatumbukia kwenye duara, shimo refu tulilochimba wenyewe. Tulimtoa amekufa. Bado nimemshika kichwa, askari mmoja akaja mbio akanipigia saluti. Mbele ya wachimbaji wote. Hapo ndipo walipojua mimi ni nani.

Kazini wakasema nimekula dhahabu, wakanitoa. Huku wanasema niliwauza vijana wao. Pande zote mbili zina hakika kwamba nimetajirika. Aliyebaki bila habari ni mimi.

Maganga akichimba kwangu simlaumu. Nadhani anatafuta thamani ya mdogo wake.

Alhamisi, 15 Novemba

Nimefika kwa Maganga. Nikasimama kwenye ua wake wa minyaa. Alikuwa anasokota kamba ya ng'ombe, hakuinua uso.

"Mama anaumwa sana," nikasema.

"Nimesikia."

Jina la Masanja lilikuwa mdomoni. Likakataa kutoka. Badala yake nikasema mvua ya mwaka huu ni nzuri. Mpumbavu mimi! Nimewahoji watu wagumu wakasema yote, na mwenyewe nashindwa kusema neno moja.

Jembe lake limeegemezwa ukutani, pengo linaangalia njia. Halina hata aibu. Nikaaga.

Jumamosi, 17 Novemba

Mama amefariki alfajiri. Mkono wake ulikuwa mkononi mwangu.

Hapa msiba hutangazwa na kilio cha wanawake. Nyumbani hakuna mwanamke. Nikasimama uani nikajaribu mimi. Sauti iliyotoka sijui ni ya nini. Mbuzi walishtuka. Hakuna mtu aliyetokea.

Nikachukua jembe langu.

Jumatatu, 19 Novemba

Sasa naweza kuandika ya juzi.

Nilichagua mahali ubavuni mwa zizi nikaanza kuchimba. Shimo lilikuwa limefika magotini nilipomwona Mama Limi. Anakuja mbio, khanga inamwanguka. Nadhani aliniona akiwa anapita kwenda kisimani. Aliingia ndani mara moja, akatoka, akapiga yowe lenyewe, lile linalojulikana. Muda si mrefu wanawake wakajaa. Walinipita bila kunitazama, lakini waliingia. Nilishukuru kimoyomoyo.

Wanaume walisimama ng'ambo ya barabara. Majembe mabegani, macho kwa Maganga. Nikaendelea kuchimba. Sikuwaita. Nilikuwa na hasira, na nilikuwa nalia, na sikutaka waone chochote kati ya hivyo viwili.

Maganga akavuka. Hakuja kaburini. Alikwenda kwanza ndani kumwona marehemu, kama ada. Alikawia. Nilijua anachokiona, maana hakuna kingine cha kuona. Kitanda kimoja, cha Mama. Mkeka wangu sakafuni. Sufuria mbili. Koti la jeshi lisilo na vifungo. Juu, nyasi zinazovuja.

Akatoka. Akasimama mlangoni akiangalia lile paa, halafu akaangalia mihogo, pale nilipofukia. Halafu akaja akashuka shimoni kando yangu.

"Toka, Shija. Mfiwa hachimbi."

Shija. Si Kapteni. Sikumbuki mara ya mwisho mtu asiye Mama kuniita hivyo.

Nikasita. Akanishika kiwiko, akanisukuma kidogo. "Nenda kakae na watu."

Wengine wakavuka. Nikatafuta ukuta wa kuegemea, miguu ikaanza kwenda huko yenyewe. Nikaigeuza. Nikakaa chini katikati ya wazee, mgongo wazi, mlango nyuma yangu. Nilisikia baridi ya ajabu mgongoni. Mzee Ngassa akanisogezea kigoda, akaniambia mvua itarudi jioni. Nikamwambia ndiyo, itarudi. Nimejibu swali la mtu bila kuuliza langu, ingawa hata halikuwa swali.

Wakati wa kutupa udongo niliinama nikaona ukuta wa kaburi. Mstari ule ulioinuka, kutoka juu mpaka chini. Kachimba sehemu kubwa peke yake. Jina la Masanja halikutajwa, si na yeye wala si na mimi.

Mama kazikwa na watu.

Alhamisi, 22 Novemba

Matanga yamekwisha. Kila mtu yuko shambani kwake. Nyumba kimya, na nimepika uji mwingi mno kwa mazoea. Mbuzi wamekula uliobaki.

Mihogo haijaguswa.

Jembe la Maganga limeegemea ukuta wangu tangu siku ya maziko. Nilifikiri nimpelekee. Halafu nikafikiri tena. Mvua zimeshika, kila mtu analima. Mkulima hasahau jembe msimu wa kulima, naye hupita hapa kila siku.

Sikulipeleka. Nimetafuta tupa, nikakaa mlangoni, nikanoa. Chuma kizuri, kimenichukua muda. Nimenoa mpaka makali yakalingana, pengo likaisha. Nimelirudisha palepale alipoliacha.

Sikupanda kwenye mawe leo. Nimeshinda nyumbani, asije akanikosa.