Mwalimu Walter Amekata Kucha

Guildford, Jumanne, Agosti 2021

Amezikata kucha zote za mkono wa kulia, na tangu nizione sijatulia.

Mwalimu Walter ana miaka themanini na kitu. Yeye ni miongoni mwa watu wa kwanza kufundisha gitaa la klasiki hapa Sydney, na wengi wanaolifundisha upande huu wa mji walipita mikononi mwake. Hupiga nyuzi kwa kucha, na sauti yake yote ilikuwa kwenye kucha hizo. Alizilainisha kwa msasa kila asubuhi, hata siku aliyomzika mkewe.

Leo somo letu la video lilianza kwa kikohozi.

"Mwalimu, kucha zimekwenda wapi?"

"Wauguzi hubana kipimo cha oksijeni kidoleni, na kucha ndefu hukizuia," akasema. "Sitaki kuwasumbua."

"Umepima korona?"

"Piga gitaa, Zuhura."

Nikapiga. Yeye ambaye hunisimamisha kila mstari, leo hakunikosoa hata mara moja. Nilipomaliza alikuwa amefumba macho, anahema kama aliyetoka kupanda ngazi. Nikamwambia naita ambulensi. Hakubisha, na hapo ndipo nilipoogopa kweli.

Wamempeleka hospitali ya Westmead. Wageni hawaruhusiwi.

Jioni akanipigia simu mwanafunzi wake wa zamani, naye sasa ni mzee.

"Walter amesema wewe ndiye utakayewachukua wanafunzi wake. Ni kweli?"

Mwalimu hakuwahi kuniambia. Nikajibu, "Ndiyo, mpaka atakaporudi."

Yule mzee akaanza kunitajia majina yao, moja moja.