Jina Nililolipeleka Tawini

Ijumaa, Troyeville

Na bado ananiita balozi. Leo baada ya swala, tukiwa tunakunywa chai huku ugenini, Mzee Hamza aliwaambia vijana kwamba mimi ndiye niliyekuwa balozi wake wa nyumba kumi kule Tanga, enzi za chama kimoja.

"Vyama vingi vilipoingia, mtaani kwetu hakuguswa mtu," alisema. "Ni kwa sababu ya watu kama huyu."



Hajui. Tume ilipokuja kutuuliza tunataka chama kimoja au vingi, yeye peke yake alisimama akasema vingi. Jioni ile ile niliandika jina lake kwenye karatasi, nikalipeleka tawini. Sikutumwa na mtu.

Katibu wa chama alilisoma, akanirudishia karatasi yangu. "Kaulizwa, kajibu. Sasa unataka nimfanye nini?"

Nilirudi nyumbani nimenuna, nikaona katibu amelegea.

Na leo, eish, vijana wananitazama kwa heshima, Hamza ananiongezea sukari. Ningeweza kusema pale pale. Nafasi nilikuwa nayo.

Nikamjibu, "Tulijitahidi, mzee mwenzangu."