Sukuma ya Jumamosi

Jumatano, 19 Februari 2025

Nimefanya. Mikono bado inanuka, na nimeiosha mara tatu kwa sabuni ya kipande.

Vidukari, wale wadudu wadogo, walikuwa wamejaa kwenye sukuma wiki, nyuma ya kila jani. Tulijaribu jivu. Tukajaribu pilipili. Wapi! Na Jumamosi wageni wanakuja kutoka Kianyaga, watu kumi na wanne, kujifunza jinsi tunavyolima bila dawa. Miaka mitatu iliyopita pale nyuma ya kanisa palikuwa jaa la taka. Leo familia ishirini na mbili zinakula kutoka pale, za kanisa na za Waislamu wa Majengo, na mwenyekiti ni mimi. Kibao cha langoni niliandika mwenyewe, kwa mwandiko wangu wa ualimu: HAPA HATUTUMII KEMIKALI. Wageni waone majani yamekunjamana namna ile?

Dawa nilinunua Karatina, kwa mtu anayepimia kutoka kwa mtungi. Chupa ya soda, haina karatasi wala jina. Aliniambia tungoje wiki mbili kabla ya kula. Nilinyunyiza saa saba mchana, watu wakiwa wameenda makwao kula. Matuta ya juu peke yake. Ya wageni tutachuma kwenye matuta ya chini, karibu na mto. Nitahakikisha.

Jumamosi, 22 Februari



Nilichelewa. Nilienda stendi kupokea wageni, gari lao likapata pancha njiani. Badala ya saa nne tukafika shambani saa sita unusu. Mwanaisha alikuwa ameshapika. Ndiye hutupikia kila tukiwa na shughuli — anauza sambusa na chapati kule Majengo, na sufuria kubwa ni zake. Nikaangalia matuta ya juu. Yamevunwa yote. Vimebaki vijiti.

Nikamuuliza, sukuma umetoa wapi?

Akacheka. "Si ni huku juu, Mama Shiro! Za chini zimekomaa kama ngozi. Hizi ziko safi, hazina mdudu hata mmoja."

Hazina mdudu!

Wageni walikuwa wanaimba. Mmoja wao ananivuta mkono nipigwe picha karibu na kibao. Nilikuwa na nafasi. Neno moja tu — mwageni. Nikajiambia zimeoshwa. Nikajiambia zimechemka, na siku tatu si haba. Nikapigwa picha. Nilitabasamu.

Watu wakala. Shosho Kabura, bibi mzee kuliko sote kikundini, aliongezwa mara mbili, na akasifu chumvi. Mimi nilikula ugali na maharagwe. Nikasema tumbo linanisumbua.

Nilisema tumbo LANGU linanisumbua.

Jumapili, 23 Februari

Sikuenda kanisani. Simu tangu saa kumi na mbili. Watu tisa walitapika jana jioni, wanne wakiwa wale wa Kianyaga. Wengi wamepata nafuu.

Shosho Kabura amelazwa. Gatimu, kifungua mimba wake, anasema mate yanamtoka bila kukoma na misuli inarukaruka chini ya ngozi. Ana miaka sabini na sita.

Chupa nimeitupa chooni. Nilisikia ikigonga.

Jumatatu, 24 Februari

Hospitalini. Daktari ni mdogo, angeweza kuwa mwanafunzi wangu. Alituita kando, mimi na Gatimu. Akasema mboni za macho ya mgonjwa zimekuwa ndogo kama tundu la sindano, na hiyo hufanana na sumu ya wadudu. Akauliza tulinyunyiza nini. Chupa, au hata jina tu. Litamsaidia.

Gatimu akanitangulia. "Daktari, sisi hatutumiangi dawa. Uliza mwalimu hapa, ndiye chairlady."

Wakanitazama wote wawili.

Nikasema hapana. Hakuna dawa. Nilisema kwa sauti yangu ya darasani, ile ambayo hakuna mtu hubishana nayo. Daktari akaandika.

Kwenye korido Gatimu akaegemea ukuta. "Kama si shamba, basi ni sufuria. Na nani alipika? Ati tumelima na hawa watu miaka tatu tukidhani ni wenzetu."

Nilifunga kifungo cha sweta. Nikakifungua. Nikakifunga.

Jumanne, 25 Februari

Afisa wa afya amebeba mabaki ya chakula na majani machache. Majibu si ya leo wala kesho.

Mwanaisha ametolewa kwenye WhatsApp ya kikundi. Wenye uwezo wa kumtoa ni wawili, Gatimu na mimi. Wenye uwezo wa kumrudisha ni hao hao.

Wamebadilisha kufuli la lango. Wameniletea ufunguo mpya hapa nyumbani, kwa heshima zote.

Jumatano, 26 Februari

Nimepita Majengo, ng'ambo ya barabara. Saa nne, na sambusa za Mwanaisha zimejaa kwenye meza. Siku zingine saa mbili hupati hata moja. Mama mmoja alisimama, akavutwa na mwenzake, wakaenda. Nasikia Safa, binti yake, shuleni wanamwita Sumu. Mtu amemwaga taka mlangoni kwao.

Aliniona. Akanipungia mkono!

Nikajifanya natafuta kitu kwenye mkoba. Nikatafuta mpaka nikafika kona.

Naogopa nini hasa? Niandike ukweli, hapa hakuna mwingine. Naogopa jela. Naogopa Gatimu, ana mikono ya kuvunja mawe. Naogopa simu ya Shiro kutoka Thika: Mami, ni ukweli? Naogopa watu wa kanisa watakavyonyamaza nikiingia. Na nikimaliza kuorodhesha haya yote naona Shosho Kabura hayumo kwenye orodha, na hilo ndilo linaniogopesha zaidi.

Alhamisi, 27 Februari

Gatimu amepiga simu saa mbili. Mamake amewekwa kwa mashine ya kupumua. Daktari anasema wanampa dawa kwa kubahatisha, na bado anauliza jina. Gatimu alikuwa analia, mwanamume mzima. Akaniomba nimwombee mamake. Nikasema ndiyo. Nikakata simu.

Kisha nikaenda Majengo. Miguu ilikwenda, mimi nikaifuata.

Mwanaisha alikuwa anakanda unga jikoni, ingawa hakuna wa kumuuzia. Nilimwambia nikiwa bado mlangoni. Karatina, chupa, saa saba mchana, matuta ya juu. Kila kitu. Na kwamba nilimwona daktari nikakana.

Mikono yake ilisimama ndani ya unga. Nilitaka apige kelele. Hakupiga.

"Si uliniuliza sukuma nimetoa wapi," akasema. "Ulikuwa umesimama hapo karibu na mimi. Mbona hukuniambia? Ningemwaga. Tungewapa maharagwe."

Nikasema niliogopa.

"Safa wangu alikula," akasema. "Alitapika hadi asubuhi. Sikumwambia mtu, wangesema najifanya."

Sikujua. Sikuwa nimeuliza. Siku tano, na sikuuliza watoto wake wako aje.

Nilidhani atanifukuza. Kisha akauliza kama daktari amejua. Nikasema bado. Akanawa mikono mpaka kwenye kiwiko, akavaa buibui.

"Mambo ya kikundi baadaye," akasema. "Na mimi na wewe pia baadaye. Saa hii ni mgonjwa."

Nikamwambia Gatimu yuko huko, anaweza kumfanyia ubaya.

"Naogopa, ndiyo," akasema. "Tangulia."

Alhamisi hiyo hiyo, saa nane. Hospitalini

Tuko kwenye benchi. Ninaandika ili mikono isikae bure, na watu wanaangalia.

Muuguzi amesema daktari yuko ndani na mgonjwa, tungoje. Nimesema ni haraka. Amesema kila mtu hapa ana haraka. Nimejaribu kukumbuka ile dawa: rangi ya maziwa ikiingia maji, harufu ya kitunguu saumu kilichooza. Labda hayo yatatosha. Yule muuzaji hukaa sokoni Karatina, upande wa viazi — labda wamtume mtu. Ningesema haya Jumatatu!

Gatimu amekuja na thamosi. Amenimiminia chai mimi. Amejifanya hamwoni Mwanaisha. Ameniambia, asante mwalimu, wengine wote wametutoroka. Amekaa karibu nami, bega lake limegusa langu. Kikombe nimekiweka chini ya benchi.

Mwanaisha ameweka mikono magotini. Unga umebaki kwenye kucha.

Mlango umefunguka. Ni yule daktari. Uso wake siwezi kuusoma. Anauliza, watu wa Kabura ni akina nani? Gatimu amesimama. Anasema ni mimi, na huyu ni chairlady wetu, muulize yeye chochote.

Daktari ananingoja.

Mwanaisha amenigusa kiwiko. Anasema polepole, inuka.