Maandalizi ya Bohari Kuu na Suala la Mjumbe Fulani

KIKOSI CHA TUKO NJIANI
KUMBUKUMBU ZA KIKAO CHA SABA

Siku: Jumamosi, alasiri
Mahali: Chumba cha nyuma, karakana ya friji ya Mwenyekiti

WALIOHUDHURIA
1. Fundi Friji – Mwenyekiti na mwelekezaji wa vita
2. Mama Mkwe (mama mzazi wa mke wa Mwenyekiti) – Mjumbe, mbeba ngao
3. Wembe (kinyozi wa jirani) – Mjumbe, mshambuliaji
4. Karani wa Mahakama – Katibu, tabibu

ASIYEHUDHURIA: Hakuna.

ALIYEHUDHURIA BILA MWALIKO: Mke wa Mwenyekiti, kuanzia katikati ya Kumb. Na. 5/7.

KUMB. NA. 1/7: KUFUNGUA KIKAO

Mwenyekiti alifungua kikao. Alimwamkia Mama Mkwe, akamtafutia kiti chenye mgongo, akakifuta vumbi kwa shati lake mwenyewe, akamuuliza hali ya goti, na alipojibiwa kuwa halijambo akauliza kama kweli halijambo. Wembe alieleza kwamba amefunga kibanda chake kwa ajili ya kikao hiki, na kwamba kuna mteja amekwenda nyumbani na ndevu upande mmoja. Mwenyekiti alisema amesikia.

Mwenyekiti aliomba iandikwe kuwa, kwa taarifa ya watu wa nje, Mama Mkwe muda huu yuko kliniki anakandwa goti, na yeye Mwenyekiti ndiye aliyempeleka. Katibu aliuliza watu wa nje ni akina nani. Mwenyekiti alijibu kuwa ni mke wake. Katibu alieleza kwamba kumbukumbu huandika kilichotokea, si kilichosemwa nyumbani. Mama Mkwe alisema goti ni lake na yeye ndiye anayejua liko wapi.

KUMB. NA. 2/7: HALI ILIVYO

Mwenyekiti alieleza kwamba hadithi ya mchezo wa video unaochezwa na kikosi imekwisha. Sayari zote zimekombolewa, wabaya wadogo na wa kati wamemalizwa, na kilichobaki ni Bohari Kuu: sehemu ya mwisho, wanaingia watu wanne tu, na ndani yake kuna jitu la chuma liitwalo Mlinzi. Kikosi kimewahi kuchungulia mara moja kupitia ufa wa ukuta, na hakikuona zaidi ya miguu ya Mlinzi, kwa sababu kilikufa kabla ya kuinua macho.

Alikumbusha kwamba huko nyuma kazi ilikuwa nyepesi: unaua, kinadondoka kitu, unaokota, unapata nguvu za kuua kikubwa zaidi. Sasa kuokota peke yake hakutoshi. Kila mmoja avae na abebe kinacholingana na kazi yake. Mbeba ngao akae mbele apokee risasi, mshambuliaji apige, tabibu aponyeshe majeruhi, na Mwenyekiti aelekeze.

Aliongeza kwamba watengenezaji wa mchezo wametangaza kuwa Bohari Kuu itafungwa kesho jioni, wala haitafunguliwa tena. Wembe alisema yeye hana cha kusubiri kesho. Kikosi cha Dobi, ambacho kimeshaingia Bohari na kutoka, kimemwita. Leo ndiyo leo. Mlango usipofunguka, yeye anahama.

Mwenyekiti alisema Wembe ana haki ya kuhama, ila wembe wa kuazima haunyoi vizuri. Wembe alisema methali hiyo haipo. Katibu alithibitisha kuwa haipo.

KUMB. NA. 3/7: UKAGUZI WA SILAHA NA DERAYA

(i) Mwenyekiti alionyesha koti lake jekundu lenye manyoya mabegani. Ilibainika kuwa koti hilo halizuii risasi, moto wala sumu. Alipoulizwa kwa nini analivaa, alijibu kuwa linamkaa vizuri.

(ii) Wembe alionyesha bunduki tatu, zote za kupigia karibu. Aliulizwa atafanya nini adui akiwa mbali. Alijibu kuwa atamfuata.

(iii) Katibu alionyesha fimbo ya tiba na deraya kamili. Hakuna aliyeuliza swali. Katibu anaomba iandikwe kuwa alikuwa tayari.

(iv) Mama Mkwe alifungua ghala lake kwenye skrini, na wajumbe wote walisogea. Ghala lilikuwa limejaa hadi juu: bunduki, pinde, mizinga, buti, kofia za chuma, vyote vimepangwa kwa rangi. Katikati ilionekana Radi, bunduki ya zambarau ambayo Wembe ameisaka tangu ajiunge na kikosi, na ambayo wajumbe waliambiwa kuwa hudondoka kwa bahati ya mtende. Wembe aliuliza Radi ilidondoka lini. Mama Mkwe alisema zamani kidogo. Aliulizwa kama amewahi kuitumia.

"Niichafue ya nini?" alijibu. "Hiyo nimeiweka ya wageni."

Wembe alitoka nje kidogo. Alirudi.

KUMB. NA. 4/7: SUALA LA MJUMBE FULANI

Mwenyekiti alisema kuna ajenda iliyoletwa na Wembe kuhusu mwenendo wa mjumbe. Katibu alikumbusha utaratibu: mjumbe anayejadiliwa hutoka nje. Mwenyekiti alimtazama Mama Mkwe, akatazama dari, kisha akasema kila utaratibu una pa kupumulia. Iliamuliwa kwamba mjumbe asitajwe, na kwamba aitwe "mjumbe fulani".

Wembe alieleza kwamba mjumbe fulani huokota kila kinachodondoka, hata visivyomhusu. Kwamba mjumbe fulani, akiambiwa arudi nyuma, husonga mbele kuangalia kuna nini. Na kwamba kikosi kimekufa mara nyingi kwa kumfuata mjumbe fulani kwenda kumwokoa.

Mama Mkwe aliunga mkono hoja. Alisema mtu wa namna hiyo ni hatari, na akashangaa kwamba amevumiliwa muda wote huu. Aliuliza kama mjumbe fulani ni mtu mzima mwenye akili zake. Wembe alisema ni mtu mzima sana. Mama Mkwe alisema hilo ndilo linalosikitisha. Alimgeukia Mwenyekiti na kumuuliza kama anamfahamu. Mwenyekiti alijibu kuwa anamfahamu kwa sura.

Wembe alisema lawama si za mjumbe fulani peke yake. Yupo pia mwelekezaji ambaye, kila anapotaka kumwambia mjumbe fulani arudi, huanza kwa shikamoo. "Mtu anapigwa risasi, wewe unasema 'samahani sana, kama hutojali.' Unapigana au unapeleka posa?"

Mwenyekiti alisema kuna watu hawafokewi, na mwenye mke anaelewa. Wembe, ambaye hajaoa, alisema Mlinzi naye hajaoa.

Wembe alipendekeza mjumbe fulani aondolewe na nafasi yake apewe mtu mwingine. Kura zilipigwa kwa kunyoosha mkono. Waliokubali: Wembe na Mama Mkwe. Waliokataa: Katibu. Mwenyekiti alinyoosha mkono hadi usawa wa sikio, akajikuna. Katibu alitoa uamuzi kwamba mtu ambaye hajatajwa hawezi kuondolewa, na kwamba badala yake lifanyike jaribio moja kwenye lango la Bohari, kwa masharti yafuatayo: hakuna shikamoo, hakuna samahani, hakuna tafadhali. Wote walikubali. Mwenyekiti aliomba maji ya kunywa.

KUMB. NA. 5/7: JARIBIO LANGONI

Wajumbe walikaa kwenye viti vyao, wakavaa spika za masikioni, wakashika pedi zao za kuchezea. Lango la Bohari hulindwa na mashine ndogo ndogo nyingi, na hufunguka zote zikiisha.

Awamu ya kwanza: Mama Mkwe alisonga mbele peke yake kuangalia sanduku lililokuwa linang'aa. Mwenyekiti alisema, "Mama... naomba... nyuma yako kama kuna..." Mama Mkwe alikufa. Kikosi kilifuata.

Awamu ya pili: Sanduku lile lile. Mwenyekiti alitoa sauti ambayo Katibu hakuweza kuiandika. Kikosi kilikufa.

Awamu ya tatu: Mama Mkwe alianza tena kuelekea kwenye sanduku. Wembe alivua spika moja na kusema yeye ameshachagua, anakwenda kwa Dobi. Hapo Mwenyekiti alisimama, kiti kikaanguka, naye akasema kwa sauti iliyosikika hadi barabarani:

"Rudi nyuma! Nimesema rudi! Kila mahali wewe mbele, kila kitu unajua wewe, hata mapazia ya chumbani kwangu umechagua wewe! Rudi!"

Mama Mkwe alirudi. Aliinua ngao, akasimama pale alipoambiwa asimame. Wembe alipiga, Katibu aliponyesha, mashine zikaisha. Lango la Bohari Kuu lilifunguka kwa mara ya kwanza tangu kikosi kiundwe.

Hakuna aliyeingia. Chumbani ilisikika friji moja tu ikinguruma.

Ndipo ilipobainika kuwa Mke wa Mwenyekiti alikuwa amesimama mlangoni akiwa na sweta mkononi. Alieleza kwamba ametoka kliniki, alikokuwa amempelekea mama yake sweta, na kwamba wahudumu wa huko hawamjui mama yake wala goti lake. Kisha aliuliza:

"Nani anamfokea mama yangu?"

Wembe alimnyooshea Mwenyekiti kidole.

"Hakuna anayenifokea," alisema Mama Mkwe bila kugeuka. "Naelekezwa."

KUMB. NA. 6/7: MAJADILIANO BAADA YA JARIBIO

Mke wa Mwenyekiti alitaka kujua tangu lini. Mwenyekiti alisema tangu muda kidogo. Mama Mkwe alimwambia aache kuzungukazunguka: yeye Mama Mkwe alianza siku aliyoletwa karakana kusubiri friji yake itengenezwe, akaona wenzake wanacheza, akaomba zamu, na friji ilipopona yeye hakutaka kuondoka. Kliniki alibuni yeye mwenyewe. Mkwe wake kazi yake ilikuwa kuitikia.

Mke wa Mwenyekiti aliuliza kwa nini asiambiwe. Mama Mkwe alijibu:

"Ungenikataza. Ungesema, Mama, macho yako. Mama, kaa. Mama, pumzika. Tangu baba yako atutoke, kila mtu ananisemesha kama amebeba mayai kichwani. Baba yako alikuwa ananiambia nimekosea, nami namwambia kakosea yeye, tunanuniana, chai inapoa, mwisho tunacheka. Sasa nani ananuniana na mimi? Humu ndani likiniona jitu linanipiga. Haliniulizi goti."

Wembe alijishughulisha na waya wa pedi yake.

Mwenyekiti aliokota kiti, akakaa, akamwomba Mama Mkwe radhi kwa maneno yaliyomtoka, hususan kuhusu mapazia. Mama Mkwe alisema radhi haipokelewi, kwa kuwa yalikuwa maneno ya kweli, na mtu haombi radhi kwa kusema kweli. Ila anashangaa mwanamume mzima amelala na mapazia asiyoyapenda miaka yote hiyo na mdomo anao. Mwenyekiti alisema mdomo alikuwa nao, ruhusa ndiyo hakuwa nayo. Alipewa ruhusa ya kuyashusha. Mke wa Mwenyekiti alisema mapazia hayashushwi na mtu, yeye anayapenda. Mwenyekiti alisema hilo hakuwa analijua. Suala liliahirishwa kwa kuwa si la kikosi.

Mama Mkwe alisema pia kwamba amefikiri sana na sasa amemkumbuka mjumbe fulani: ni yeye. Alifungua ghala lake, akaitoa Radi, akaisogeza kwa Wembe.

"Nilikuwa namwekea mgeni," alisema. "Nimechoka kumsubiri. Chukua, na kwa Dobi usiende. Wale hawana hata adabu ya kugombana."

Wembe aliipokea kwa mikono miwili. Alisema asante, akaomba hilo lisiandikwe.

KUMB. NA. 7/7: KUINGIA BOHARI KUU

Iliazimiwa kuwa kikosi kiingie hapo hapo, kabla lango halijajifunga. Mke wa Mwenyekiti alialikwa kwenda nyumbani. Alikataa mwaliko, akasimama nyuma ya kiti cha mama yake.

Katibu alikufa mapema, hivyo kumbukumbu za sehemu hii ni kamili.

Mlinzi alikuwa na kimo cha ghorofa na uso mdogo kama wa mtoto aliyeamshwa. Mwenyekiti aliagiza kwa ukali unaostahili: "Mama, kushoto! Mama, inama! Mama, hapana, kushoto nyingine!" Mama Mkwe alitii mengi. Aliposhindwa kutii alijibu, na Mwenyekiti naye akajibu, na Katibu aliona wote wawili wakitabasamu. Radi ilinguruma mikononi mwa Wembe kama jina lake. Kisha moto wa Mlinzi ulishika manyoya ya koti la Mwenyekiti, naye akafariki akiwa amependeza. Wembe alimfuata adui hadi karibu, kama alivyoahidi, akafariki huko.

Alibaki Mama Mkwe na ngao, na bastola ndogo ambayo kikosi hakikuwa kimewahi kuiona akiitumia. Mlinzi alikuwa amebakiwa na uhai kiasi cha ukucha. Hapo wote walipiga kelele kwa pamoja. Mwenyekiti alisema ruka. Wembe alisema usiruke. Katibu alisema jambo ambalo halilingani na kazi yake. Mke wa Mwenyekiti, ambaye hakuwa anajua hata risasi zinatokea wapi, alipaza sauti kuwashinda wote: "Mpige, Mama! Mpige huyo, unamtazama nini?"

Mama Mkwe alivua spika za masikioni, akaziweka mapajani.

"Mnanipigia kelele," alisema, akafyatua mara moja.

Mlinzi alikaa chini polepole, kama mtu aliyechoka, na hakuinuka tena. Mwenyekiti na mkewe walikumbatiana, kisha wakakumbuka kuwa wana la kuzungumza nyumbani, wakaachana. Wembe alikimbia hadi mlango wa mbele na kuutangazia mtaa.

Maandishi yalitokea kwenye skrini: Bohari nyingine, ngumu kuliko hii, iko wazi. Mama Mkwe alinyoosha mguu, akasema goti linauma kweli sasa, akainuka kwenye kiti. Alimpa binti yake pedi. Binti alisema hajui kucheza.

"Kaa," alisema Mama Mkwe. "Utajua ukishakufa."

Mwenyekiti alitaka kufunga kikao, lakini sauti ilikuwa imemkauka. Kwa hiyo kikao kilikoma jioni, taa za barabarani zilipowaka, pale Katibu alipoweka kalamu chini kwenda kumponyesha mjumbe mpya.

Imesainiwa:

Fundi Friji ............................ Mwenyekiti

Karani wa Mahakama ............................ Katibu